Nyumba Iliyowekwa Amana

Watu wa Garissa walichukua muda kuamini kwamba mimi ni mkurugenzi wa kitu chochote. Mwaka wangu wa kwanza, mwenye hoteli ya chai ng'ambo ya barabara aliniuliza tunauza nini mle ndani. Nikamwambia hatuuzi, tunatunza. Akafikiri kidogo, akauliza tunamtunzia nani. Nilimjibu kwa maringo ya msomi kwamba tunakitunzia kizazi kijacho, naye akaitikia kwa heshima na kuendelea kumimina maziwa ya ngamia kwenye sufuria. Tangu siku hiyo nimeulizwa maswali mengi na watu wenye shahada, na hakuna aliyenisumbua kama yule mzee.

Kazi yangu ni sanaa ya Kiafrika. Nilizaliwa Hola, chini kidogo kwenye mto huuhuu wa Tana, nikasoma Nairobi na kubobea katika vinyago. Kwa miaka nilikaa kwenye ghala la makumbusho moja kubwa nikiandika kadi za vinyago vya mbao kutoka Kongo na Afrika Magharibi, ambavyo sijapata kuviona vikivaliwa na mtu. Mstari wa mwisho wa kila kadi ulikuwa uleule: msanii hajulikani. Nilikuwa naandika huku nimenuna. Mtu amechonga, ana mama, ana jirani, ana deni la chumvi dukani, halafu ninyi mnasema hajulikani.

Hasira ile ndiyo iliyonipandisha cheo, maana nilianza kuisema kwenye mikutano. Nikawa mtu wa kualikwa. Nilisimama mbele ya wakurugenzi waliotoka Ulaya nikawaambia warudishe mali za watu. Walikuwa wapole sana, wale wazee. Walisema sheria zao haziwaruhusu, wakasema vitu vile viko salama zaidi vilikohifadhiwa, na wakasema, kwa kusikitika, kwamba vikirudi Afrika vitaharibika. Niliwacheka hadharani na ukumbi ukanipigia makofi. Nakiri niliyapenda makofi yale.

Kisha nikaletwa Garissa kuongoza makumbusho yangu mwenyewe. Lilikuwa jengo la zamani la ofisi ya mifugo, vyumba viwili vya maonyesho na kimoja cha mkurugenzi, paa la mabati, na juu ya paa korongo waliosimama siku nzima kama wanaosubiri mtu afe. Joto la mle ndani lilikuwa la kuchemshia yai. Nilifika na vitabu vyangu vya vinyago, nikakuta hakuna kinyago hata kimoja, wala sanamu, wala ngoma ya kuchongwa. Wenyeji ni Waislamu wafugaji, watu wa kuhama, na mtu wa kuhama habebi sanamu. Rafiki zangu wa Nairobi walinipigia simu kunipa pole kana kwamba nimefiwa.

Lakini uani kulikuwa na ile nyumba.

Wasomali huiita aqal. Ni nyumba ya kuhama, ya mviringo, fito zilizopindwa na kufungwa kwa kamba, halafu juu yake mikeka minene iliyosukwa na wanawake. Wakati wa kuhama hufunguliwa yote ikapakiwa juu ya ngamia, na fito zile zikawa matandiko ya mzigo. Nyumba ni ya mwanamke. Mama humsukia binti yake anapoolewa, mume huikuta tu. Aliyenitangulia kazini ndiye aliyeipokea, mwaka mmoja wa ukame mkali, na alipostaafu aliniachia pamoja na funguo na feni mbovu. Nilipoingia ndani yake mara ya kwanza nilikaa chini nikaitazama mikeka. Ule mkeka wa nyuma ulikuwa na mistari ya rangi ya damu ya mzee iliyopishana na nyeusi, na karibu na mlango msusi alikuwa amebadilisha mpangilio ghafla, akaupinda, akaurudisha, kama mtu anayetania. Nilikuwa nimesoma vitabu vizima kuhusu mafundi wasio na utani hata chembe. Bado nyumba ilinuka moshi wa kuni za udi.

Kwenye kibao cha mlangoni paliandikwa: Nyumba ya mfugaji. Wajir Magharibi. Msusi hajulikani.

Msusi mwenyewe alikuja asubuhi moja ya baada ya mvua, barabara ya Wajir ilipopitika tena. Nilisikia askari wetu akibishana na mtu. Askari ni mzee wa Mandera, mkali kwa wanafunzi na mlegevu kwa wanawake wa umri wake. Nilipotoka nilimkuta mama mmoja mwembamba wa vitambaa vya bluu ameshapita lango, ameshavua viatu, na ameshaingia ndani ya nyumba. Nilipoinama mlangoni nilimwona ameketi mahali ambapo sisi tulikuwa tumefunga uzi mwekundu wa kuzuia watu. Uzi alikuwa ameukunja vizuri na kuuweka pembeni.

"Wewe abaayo ndio mkubwa ya haba?" aliniuliza; abaayo ni dada, na p kinywani mwake hutoka b.

Nikasema ndimi. Alinisalimu, na salamu yenyewe ilikuwa safari. Watu wangu wazima? Wazee? Watoto? Mvua imenyesha kwetu? Nyasi? Mifugo yangu je? Nikamwambia sina mifugo, nina paka tu. Akauliza, bila kucheka, kama paka ni mzima na kama ananipa maziwa. Askari aliangalia juu kwa korongo ili nisione uso wake.

Ndipo aliposema alichokuja kufanya. "Nimekuja kuchukua nyumba yangu. Msichana yangu anaolewa."

Aliyobaki kuyasema alimwambia askari kwa Kisomali, naye akanipa kwa Kiswahili kipande kwa kipande. Alitoka upande wa Griftu, huko Wajir. Mwaka ule wa ukame ngamia wake wa kubeba mizigo walikufa wote. Familia ilikuwa inasogea kwa miguu kutafuta maji, na nyumba haibebeki kwa mgongo wa mtu. Mtu wa kule akifika hapo huiacha mizigo mizito kwa ndugu aliyekaa mahali pamoja, mwenye ukuta na mlango. Anaiweka amana. Mvua ikirudi na ngamia wakipatikana, anakuja kuchukua, na ndugu yule hulishwa na kushukuriwa. Ndiyo desturi, na hakuna anayeiandika popote kwa sababu hakuna asiyeijua. Gari la serikali lilipopita likiuliza vitu vya zamani, likasema lina jengo zuri Garissa, lenye ukuta na askari, yeye alisikia ndugu anajitolea kumwekea. Aliwapa. Aliyenitangulia akasikia zawadi kwa taifa, akaipa namba ya rangi nyeupe kwenye ufito wa katikati.

Sasa mvua imenyesha, ngamia wako wawili, na binti anaolewa.

"Habo," nilimwambia, maana ndivyo wanavyomwita mama mdogo, "nipe muda niongee na wakubwa."

Aliridhika. Alisema hana haraka, atakaa mtaa wa Waberi kwa dada ya mumewe. Nikamwuliza, kwa kutafuta njia rahisi, kama hawezi kusuka nyingine. Alinionyesha vidole vyake, vilivyovimba kwenye vifundo na kukataa kunyooka. Kisha akafungua mdomo, akagusa ufizi mahali palipokuwa na meno ya mbele, na kwa mkono mwingine akapapasa mkeka wa mlango. Gome la mgunga hutafunwa mpaka lilainike ndipo nyuzi zitoke. Mkeka mmoja ni kutafuna msimu baada ya msimu.

"Meno yangu iko haba ndani," alisema.

Nikaanza kazi ya kumtafutia ruhusa. Sijui niielezeje bila kuchosha. Ofisi ya juu yangu ilisema jambo hili si la kwao, ni la kamati ya mali za urithi. Katibu wa kamati akasema kamati haijakaa tangu mwenyekiti apelekwe wizara nyingine. Nikaomba barua ya kumruhusu aitumie kwa muda, kama makumbusho yanavyoazimana vitu. Nikaambiwa kuazimana ni kati ya taasisi na taasisi, je, huyo mama ni taasisi? Nikamfuata mkubwa mmoja hadi kwenye hafla, nikamngojea nje juani na begi langu, akanisikiliza kwa makini kabisa na kuniambia, "Lakini mkurugenzi, nyumba ile akipewa ataihamishahamisha. Si itaharibika?"

Nilikuwa nimeisikia sauti ile kabla, kwa lafudhi nyingine, katika ukumbi wenye zulia. Nilirudi ofisini nikakaa mbele ya feni isiyozunguka. Cheo changu kiliandikwa mlangoni kwa herufi za shaba na sikuwa na uwezo wa kumpa mtu mlango wake wa mkeka.

La kuchekesha ni kwamba nyumba ilikuwa inaharibika hapohapo kwetu. Mchwa walikuwa wameingia upande wa kaskazini, na mimi nilijua. Nilikuwa nimeomba dawa mara chungu nzima. Niliwasikia nikiweka sikio kwenye fito, mchakacho mdogo mkavu, kama mtu anayekula mkate mkavu chumba cha pili. Mama yule aliona unga wao siku yake ya kwanza. Alitaka kufukiza udi ndani kama inavyofanywa siku zote, moshi mzito wa jioni unaokaa kwenye mikeka na kufukuza wadudu. Moto ndani ya makumbusho haukubaliki mahali popote duniani. Ilibidi nimwambie hapana. Alinitazama akingoja niseme sababu, kisha akaanza kuwaokota mchwa kwa mkono, mmoja mmoja, akiwaweka kwenye ncha ya kitambaa chake.

Alikuwa akija kila asubuhi. Alikaza kamba zilizolegea, akapangusa vumbi, akahamisha kibuyu cha maziwa kutoka pale tulipokiweka kwa ajili ya picha hadi pale kinapokaa. Wanafunzi walipokuja walimkuta ndani, wakadhani ni sehemu ya maonyesho, naye akawafukuza waliovaa viatu. Akiniona tu alianza: watu wako, wazee wako, mvua ya kwenu, na mwisho, "Baka wako mzima?" Nikawa namtarajia. Nikajikuta napita sokoni jioni namnunulia paka samaki mkavu ili niwe na habari njema ya kutoa asubuhi. Nilimpenda yule mama, na nilikuwa najua kila siku kwamba nampotezea muda.

Binti mwenyewe alikuja siku moja kutoka Ifo, kwenye kambi ya wakimbizi, anakofanya kazi ya ukalimani kwenye zahanati. Alivaa hijabu ya rangi ya machungwa na kushika simu mbili. Alinivuta kando, nyuma ya tangi la maji, akaniongelea kwa Kiswahili cha Nairobi.

"Madam, nikuambie ukweli. Mimi sitaishi ndani ya hiyo kitu. Jamaa amechukua ploti, kuna stima, kuna tailzi. Hiyo nyumba nitaiweka wapi?"

Nikahisi mzigo unanitoka mabegani. Nikamwambia basi amwambie mama yake hivyo.

"Nimemwambia. Anasema hata ikikaa siku tatu nje ya ploti, wanawake waingie, waimbe, aseme amenipa. Halafu nifanye nitakalo. Kwao mama asiyempa binti nyumba amemtoa uchi." Akatazama uani, ambako mama yake alikuwa akipigana na kamba iliyokataa vidole vyake. "Yeye alipewa na mama yake. Ayeeyo wangu. Mkeka wa nyuma ni wa ayeeyo, ule wa mlango ni wake. Si mumpe tu, madam? Ni mgonjwa."

Kumbe pale mpangilio ulipogeuka karibu na mlango ndipo ayeeyo alipoachia na mama huyu akapokea. Niliwaza makala ambayo ningeweza kuiandika juu ya mkeka ule, na hapohapo nikajionea haya.

Nilimwambia nitajaribu tena. Nilijaribu tena. Niliwaza hata kufungua lango siku ya Ijumaa, askari akiwa msikitini, na kuwaacha waipakie. Nilimdokezea askari, na yule mzee akaniambia taratibu kwamba ikipotea hawatamuuliza mkurugenzi, watamfunga yeye. Alikuwa anasema kweli. Sikuligusa tena wazo lile.

Siku ya harusi ikakaribia na kamati haikukaa. Asubuhi moja mama alipokuja nilimwambia wazi kwamba nimeshindwa. Askari alitafsiri, ingawa nadhani mama alikuwa ameelewa kabla mzee hajafungua kinywa. Hakupaza sauti. Nikafanya jambo pekee lililokuwa ndani ya uwezo wangu. Nikamwambia kwamba kile kibao cha mlangoni naweza kukibadilisha mimi mwenyewe, leo hii. Nitaandika jina lake na la mama yake, kwa herufi kubwa, kila mgeni ajue nani alisuka. Nilimweleza jinsi nilivyopigania jambo hilo kazi yangu yote. Nadhani hata niliguswa kidogo na maneno yangu mwenyewe.

Alisikiliza tafsiri hadi mwisho.

"Jina langu mnataka," alisema kwa Kiswahili, ili nisimsikie kupitia kwa mtu. "Nyumba hamtoi."

Kisha akasema nisiandike. Akaufungua ule uzi wetu mwekundu aliokuwa ameukunja siku ya kwanza, akaufunga tena mahali pake, akavaa viatu na kutoka langoni.

Nilialikwa harusini. Niliogopa kwenda na nikaona aibu zaidi kutokwenda. Ilikuwa Waberi, kwenye uwanja nyuma ya nyumba ya dada ya mume, na pale katikati ya uwanja mama alikuwa amejenga. Fito zilikuwa za mathenge, ule mti wa miiba uliojaa kila kando ya barabara, mbichi bado na zikitoa utomvu. Juu yake hapakuwa na mkeka. Palikuwa na maturubai ya msaada yaliyotoka Ifo, meupe, yamefungwa vizuri sana kwa kamba zake za mkono, upande wa maandishi umegeuzwa ndani. Wanawake waliingia wakaimba. Binti aliketi humo na dhahabu yake na hina yake, na jua lilipopenya turubai lilimpiga usoni kwa mwanga mweupe wa hospitali. Alikuwa amelia. Yule aliyeniambia hana haja na nyumba alikuwa amelia kuliko wote.

Mimi nilipewa mahali pazuri, wali, nyama ya ngamia, soda baridi. Hakuna aliyenionyesha ubaya. Mama wa bibi harusi alikuwa akizunguka wageni, mmoja baada ya mwingine, akiinama na kuuliza. Alimkuta askari wetu upande wa wanaume, akasimama mbali kidogo kwa adabu na kumuuliza habari za Mandera, za mbuzi, za mvua, za mke, mpaka mzee akasahau wali wake. Alimuuliza mwanamke wa kando yangu kuhusu ng'ombe mmoja tu aliye naye, kwa kirefu. Nilikuwa nimeandaa majibu. Nilitaka kumwambia paka amezaa.

Alifika kwangu. "Assalamu alaikum," alisema.

"Waalaikum assalam, habo," nikamjibu, nikangoja.

Salamu ile ni haki ya kila Mwislamu, nami ni mmoja wao, na hakuninyima haki yangu. Lakini baada yake hakukuwa na kitu. Hakuuliza watu wangu, hakuuliza mvua ya kwetu. Alisogea kwa mgeni aliyefuata na kuanza naye tangu mwanzo, wazee, watoto, nyasi. Baadaye nilimuuliza askari maana yake, ingawa nilikuwa nimeielewa. Akasema hiyo ndiyo salamu anayopewa mtu aliyekula amana.

Nyumba bado iko uani. Kamati haijakaa. Dawa ya mchwa ililetwa mwishowe, kopo dogo, na upande wa kaskazini tayari umeinama. Kile kibao nilikibandua. Sikuweza kuandika jina lake kwa kuwa alinikataza, na sikuweza kuacha neno lile la hajulikani likae juu ya mtu ambaye namjua kwa vidole na kwa meno. Kwa hiyo nyumba haina kibao, na wakaguzi wameshanilalamikia kwa hilo. Wageni wakiuliza, nawaambia mwenyewe kwa mdomo kwamba ni ya mtu, tuliwekewa, na mwenyewe alikuja kuichukua tukamnyima.

Juzi walikuja wanafunzi wa darasa la nne. Nikasema hayohayo niliyozoea kusema. Msichana mmoja wa mbele, viatu mkononi, akaniuliza kwa nini tulimnyima. Nilimgeukia mwalimu wake, naye akatazama saa na kuwaambia wajipange, basi linangoja.